Mgeni wa Mvule

Anayebisha hodi huwa yuko nje, na anayeitika yuko ndani. Crispus hakuwahi kudhani kwamba mambo yanaweza kuwa kinyume, mpaka jioni moja aliposimama uchochoroni Mji wa Kale, ufunguo mkononi, akitaka kufungua mlango wake mpya wa nakshi, na hodi ikatoka ndani. Iligongwa polepole, kwa kifundo cha kidole, kama anavyogonga mtu mwenye adabu zake. Ndani hamkuwa na mtu. Mkewe Rosebella alikuwa bado ofisini, na wao walikuwa wawili tu. Naye Crispus, mtu wa bara aliyekaa Mombasa hadi adabu za pwani zikamwingia mwilini, akajibu kabla hajafikiri, "Karibu!"

Siku ya pili akaenda kumsimulia fundi aliyeutengeneza mlango huo, huku akijipiga mapaja kwa kicheko. Crispus alikuwa akiendesha winchi bandarini, mtu wa kifua kipana, na kicheko chake kilikuwa kikifika mahali kabla yake.

"Fundi, umeniuzia mlango au umeniuzia bawabu?"

Fundi Aidarus hakucheka. Aliendelea kupiga msasa kipande cha ubao kilichokuwa mapajani mwake, akasema bila kuinua macho, "Ni ubao unajinyoosha, bwana. Mbao mpya hulia."

Huo ulikuwa uongo, tena uongo wa kitoto. Mvule ukishakauka haujinyooshi wala haulii. Ndiyo sababu watu wakaupenda hata ukawaishia. Kama kulikuwa na mtu mmoja kisiwani kote aliyelijua hilo, ni Aidarus mwenyewe. Crispus alipoondoka, fundi aliuweka msasa chini na kuitazama mikono yake, na akajisikia vibaya kama mtu aliyemuuzia jirani yake samaki aliyeoza.

Aidarus alikuwa na maradhi ya mvule. Ukimkuta karakanani umekwisha; utapewa kahawa, nawe utaelezwa mpaka kahawa ipoe. Atakuambia jinsi wazee wake walivyochonga milango enzi magogo yalipoteremshwa kutoka bara mabegani mwa watu, na mengine yakapakiwa kwenda Arabuni kujenga nyumba za watu wasio na miti, wala hakuna aliyeuliza yatakwisha lini. Atakuambia kwamba mvule una dume na jike, na kwamba mbegu zake hupandwa na popo, anayekula tunda hapa na kwenda kuziacha mbegu mbali. Siku hizi, atasema, mvule unatoka Kongo, unaingia kisiwani kwa malori yanayopita Makupa yakiwa yamefunikwa turubai, na akifika hapo hukunja uso. Mvule wa Kongo ni kama mkwe: utampenda, lakini hukumzaa.

Kwa hiyo Crispus alipotaka mlango wa mvule wa hapa hapa Pwani, Aidarus alipaswa kumwambia kuwa haupo. Lakini ulikuwepo mmoja. Alikuwa anaujua tangu ujana wake, na tangu ujana wake alikuwa akiutamani.

Mti huo ulisimama nyuma ya nyumba ya Nyevu, mama mtu mzima wa Rabai anayeuza mihogo na mchicha katika soko la Marikiti. Ulikuwa umeanza kukauka kileleni na kuinamia paa lake, na Nyevu aliogopa kuangukiwa usingizini. Alipokubali kuuachia, alimpa Aidarus sharti moja tu. Alitoa chini ya meza yake kopo la rangi lenye mche wa mvule, majani yake yamekaa wima kama masikio ya mbuzi.

"Fundi, katika mti ule mna mwenyewe," alisema, sauti ya chini, maana soko lilikuwa limejaa. "Si mbaya. Tumeishi naye. Huu mche umpandie mahali pazuri, umwoneshe, umwambie, kwako sasa ni hapa. Ukishamwambia, kata."

"Hilo si kazi, mama," alisema Aidarus.

Na kweli haikuwa kazi. Alikwenda Rabai na Ogutu, mpasua mbao wake wa miaka mingi, pamoja na watu wa msumeno wa mashine. Nyevu alikuwa sokoni siku hiyo. Aidarus aliliweka kopo chini, nyuma ya lori, akaenda kuuzunguka mti akiupapasa kama bwana harusi, na lori likarudi kinyumenyume. Alipogeuka, mche ulikuwa umelala ndani ya bati lililokunjamana.

Angeweza kusema turudi kesho. Nyevu alikuwa na miche mingine. Lakini mashine ilikuwa imeshawashwa, watu wanamtazama, na yeye alikuwa hawezi kungoja tena hata kwa saa moja. Basi akausogelea mti mikono mitupu. Sasa amwambie nini huyo mwenyewe, amwoneshe wapi? Vijana wa msumeno walikuwa wakimtazama mzee mzima anayetaka kuzungumza na gogo, wakibana vicheko. Aidarus akaona haya, na haya hizo zikamtoa kinywani maneno ambayo mtu wa Mombasa humwambia yeyote anayeagana naye, awe amempenda au hakumpenda.

"Haya, bwana. Karibu kwetu, Mji wa Kale. Ulizia Aidarus."

Vijana wakaangua kicheko, naye akacheka pamoja nao. Juu kwenye matawi, popo wote wakaruka kwa pamoja, adhuhuri ile ya jua kali, wakazunguka bila sauti. Aidarus aliwaona. Akasema, "Kateni."

Walipolipasua gogo karakanani, msumeno ulilia ghafla na kuvunjika meno. Katikati ya ubao mlikuwa na jiwe jeupe, ukubwa wa yai la bata, na meno ya msumeno yamelichora mfereji ubavuni. Si ajabu, mvule hunywa chokaa ya ardhini ikaganda moyoni mwake, na mafundi wengi wamelaaniana kwa ajili yake. Lakini Ogutu alilishika akaliachia upesi.

"Mzee, lina joto. Hili tulirudishe kule shinani."

"Chuma kimelisugua, lisiwe na joto?" Aidarus akaliweka dirishani.

Wiki hiyo hiyo alipita Marikiti. Nyevu akamuuliza, naye akajibu huku akitazama mizani, "Nimeupanda, mama. Umekaa vizuri." Nyevu akafurahi hata akamfungia mihogo na kukataa malipo. Aidarus akaila.

Sasa, baada ya hodi ile ya kwanza, Crispus hakuja tena karakanani. Aliyekuja ni Rosebella, wakati wa alasiri, amevaa nguo za kazini na macho yamemvimba.

"Fundi, shikamoo. Naomba uje uutazame ule mlango. Na umtazame Crispus."

Aidarus alianza kunusa akiwa bado uchochoroni. Ilikuwa harufu ya matunda yaliyoiva kupita kiasi, na mkojo wa popo, na utomvu mbichi wa mti uliokatwa sasa hivi, ingawa mlango ule aliukausha mwenyewe mpaka ukawa mkavu kama mfupa. Juu ya kizingiti, mchana kweupe, popo watatu walikuwa wamening'inia wakitafuna na kutema. Aliokota kilichotemwa. Kilikuwa tunda refu la kijani mfano wa kiwavi mnene, tunda la mvule, na Aidarus aliijua miti ya kisiwa kile kama anavyozijua nyumba zake: hapakuwa na mvule hata mmoja.

Crispus alikuwa ameegemezwa mito mitatu kitandani. Kifua kile kipana kilikuwa kikipanda kwa shida na kushuka kwa shida, na katikati ya kifua, juu ya fulana, palikuwa na kibonyeo, kama godoro linavyobonyea mahali mtu alipoketi.

"Fundi," alinong'ona, akajaribu kutabasamu. "Hodi... haikomi."

Rosebella alieleza kwa sauti ya chini, akitazama mlangoni kila mara. Kila magharibi ilibisha. Mwanzo ilikuwa mlangoni, na Crispus akaitika karibu kwa mazoea, maana ulimi ulishazoea. Siku nyingine ikabisha ukumbini, akaitika tena akidhani ni jirani. Ikabisha kwenye ngazi. Mwisho ikabisha kwenye ubao wa kitanda. "Tukamwita mchungaji aje kuomba. Kila akisema toka, kuna sauti inamjibu taratibu, kwa heshima kabisa, wala haigombi. Inasema, nimekaribishwa. Mwenyeji wangu yuko wapi?"

Aidarus alijua ni nani anayeulizwa.

"Mchungaji akanyamaza," alisema Rosebella. "Nami nikanyamaza. Huyu ndiye aliyejibu."

"Nilimwambia... mwenyeji ni mimi," alisema Crispus. "Nyumba si yangu? Nikamwambia ni mimi. Ndipo akaja kuketi."

Hapo ndipo Aidarus alipopaswa kusema, na alijua kwamba ndipo, na maneno aliyakuta tayari mdomoni, mwenyeji ni mimi, bwana, si wewe, aliyeitwa Mji wa Kale aliitwa kwa jina langu na wewe umebeba mgeni wangu kifuani. Lakini jua lilikuwa linashuka nyuma ya madirisha na chumba kinaingia kivuli, na popo nje walikuwa wameacha kutafuna, na harufu ya utomvu ilikuwa inapanda ngazi hatua kwa hatua kama inavyopanda harufu ya mtu anayekuja, na kile kibonyeo kifuani kwa Crispus kikasogea, kikainuka kidogo, kama anavyojiinua aliyeketi anapomwona mtu anayemfahamu akiingia, na Aidarus, mzee wa watu, hajji, fundi aliyeheshimiwa na mtaa mzima, akageuka akashuka ngazi mbio hadi nje bila hata kuaga.

Alilia njiani. Hakulia kwa woga peke yake.

Asubuhi alimkuta Nyevu akipanga mafungu ya mchicha. Akasimama mbele yake kama mtoto aliyevunja mtungi.

"Mama, na mtu asipoupanda ule mche?"

Mkono wa Nyevu ukasimama juu ya mchicha. Hakuuliza mtu gani. "Ulimwambia nini?" aliuliza.

Akamwambia. Wachukuzi walikuwa wakipita nyuma yao na magunia wakipiga kelele za kutaka njia.

"Kama ungemtukana, angehama kwa hasira akaenda zake," alisema Nyevu. "Kama ungenyamaza, angebaki na kisiki chake. Wewe umemwalika. Huyo hajui maneno ya kusemwa tu, fundi. Ukimwambia karibu, kwake ni karibu. Na mgeni uliyemwita hafukuzwi kwa dua ya mtu mwingine. Mchukue, mlango wake na jiwe lake ambalo ndilo kiti chake, mpeleke kwako. Akibisha, mwitikie wewe."

"Na atanifanya nini?"

"Atakuketia. Si kwa ubaya. Hana pengine pa kuketi." Nyevu aliinama akatoa kopo jingine chini ya meza. "Upande huu, safari hii kweli. Ukikua atahamia. Lakini mimi nilizaliwa nikaukuta ule ulivyo, na bibi yangu vilevile. Na sikiliza. Kila mtu wako anayeingia nyumbani mwako umwambie, aliye mkubwa na aliye mdogo. Usione haya. Asije mmoja akamkaribisha kwake bila kujua, maana atakwenda."

"Nitawaambia, mama."

"Uliniambia umeupanda," alisema Nyevu, akarudi kwenye mchicha wake.

Aidarus na Ogutu waliung'oa mlango adhuhuri hiyo. Rosebella alitaka kujua sababu, na hapo tena ukweli ukamfika Aidarus kooni ukarudi. Akasema mlango umeingiwa na dumuzi, na kwamba atawatengenezea mwingine bure. Ogutu aligeuka ukutani kwa aibu. Dumuzi kwenye mvule! Ni sawa na kusema samaki amekufa maji. Habari hiyo ingezunguka karakana zote kabla ya magharibi, na jina lililojengwa kwa vizazi lingekuwa kichekesho vibarazani. Lakini kumwambia mwanamke yule, mumeo alikuwa anakufa kwa niaba yangu nami nikakimbia, hilo lilimshinda.

Kutoka juu sauti nyembamba ya Crispus ikasikika. "Usimlaumu, Rosie. Ni mafundi wangapi hukubali makosa yao?"

Hakuna tusi ambalo lingemuumiza Aidarus kuliko sifa hiyo.

Waliusukuma kwa mkokoteni, na uzito wake haukuwa wa mbao peke yake. Ogutu alikuwa akihema. Waliuegemeza ukumbini kwa Aidarus, nyumba ya mgane anayeishi peke yake, jiwe likawekwa chini yake. Magharibi ikaingia. Hodi ikabisha, polepole, kwa kifundo cha kidole.

"Karibu," alisema Aidarus, na machozi yakamtoka. "Karibu, bwana. Mwenyeji ni mimi."

Harufu ya utomvu ikampita usoni, kisha uzito ukamkalia kifuani, kwa taratibu, kama anavyoketi mgeni aliyetembea sana.

Baada ya hapo Crispus alianza kucheka tena, kidogo kidogo, mpaka kicheko chake kikarudi vichochoroni. Aidarus alikisikia kila asubuhi akiwa amelala juu ya mito yake, akihema kwa midomo, na kilikuwa dawa na adhabu kwa pamoja. Popo nao walihamia kizingitini kwake. Mche aliupanda uani kwa mikono yake. Wadudu wakaufanyia vinundu kwenye majani, kama wanavyoifanyia miche yote ya mvule, naye akawa anawatoa mmoja mmoja kwa kucha. Usiku na mchana alikuwa na mgeni wake, na kusema kweli walizoeana. Ukimkaribisha, alikuwa mpole. Alikuwa mzito tu.

Lililobaki lilikuwa Jannat.

Jannat alikuwa binti yake wa pekee, ameolewa huko karibu na Makupa, na alikuwa ametoka arubaini ya uzazi hivi karibuni. Alimpigia baba yake simu kila siku kumuuliza kifua, naye kila siku alijiambia, leo nitamwambia. Lakini angeanzia wapi? Yeye ndiye aliyemlea mtoto huyu kwa maneno ya usidanganye, waheshimu wakubwa, msalimu kila unayemkuta, mgeni usimwache mlangoni. Aanze kumwambia kwamba baba yako alimdanganya mama wa watu na kuila mihogo yake, akamwacha kijana wa watu afe kitandani? Akamwambia asije, vumbi la mbao litamdhuru mtoto. Nitamwambia kesho, alijisemea. Kesho ikawa ya kila siku.

Ijumaa moja baada ya alasiri Aidarus alikuwa uani, amechuchumaa kwenye mche wake akitoa wadudu, kichwa kikizunguka kwa kukosa hewa. Alisikia sauti ukumbini. Ilikuwa sauti ya Jannat, akizungumza na mtu, mazungumzo ya adabu yasiyo na haraka. Akajishika ukutani ili ainuke, na hakuweza upesi. Alipofika mlango wa uani, Jannat alikuwa tayari anajifunga buibui lake, mtoto begani.

"Shikamoo, baba. Nilipita tu, gari la mume wangu lanigoja kule barabarani. Mbona hukunambia una mgeni?"

"Jannat," alisema Aidarus. Hewa haikutosha kwa neno jingine.

"Mzee wa watu, kaketi peke yake pale mlangoni, hana hata maji. Nikamuuliza hali, nikamuuliza kwao. Asema kwao kulikatwa, sikumfahamu vizuri." Alicheka kidogo. "Lakini ana adabu, baba! Kamtazama mtoto, kampa zawadi. Sikutaka kupokea, nikaona nitamvunjia heshima."

Akaifunua shali ya mtoto. Kwenye kifua kidogo cha mtoto, kikipanda na kushuka, lilikuwa limelala jiwe jeupe ukubwa wa yai la bata, na mfereji wa msumeno ubavuni.

"Umemwambia nini?" alinong'ona Aidarus. "Mwanangu, umemwambia nini?"

"Kwani mtu humwambia nini mgeni?" Jannat alimbusu baba yake mkono, akavuka kizingiti, akageukia kibaraza ambacho hakikuwa na mtu na kuinamisha kichwa, kama anavyompisha mkubwa atangulie. "Nilimwambia, karibu kwetu."

Juu ya kizingiti popo waliachia mmoja baada ya mwingine, wakaelekea upande wa Makupa. Aidarus alivuta pumzi ili amwite binti yake arudi, na pumzi ikaingia yote mpaka chini kabisa, na kifua chake kilikuwa chepesi.